Moto Kichaa Una Mwenyewe

Kuanzia Agosti hadi mvua za kwanza za Novemba, katika mikoa ya Iringa na Njombe, kuna maneno mawili yanayosikika redioni, kwenye mikutano ya vijiji na katika taarifa za maofisa misitu: moto kichaa. Ndilo jina la moto wa nyasi uliowashinda watu, ukashika mbuga, ukapanda mlima, ukaingia kwenye misindano na milingoti. Mtu akichoma mabua shambani kwake, moto huo hauitwi hivyo. Huo ni moto wa kuandaa shamba, na mwenyewe anajulikana kijiji kizima. Ukishavuka mpaka wa shamba, ingawa joto ni lile lile na nyasi ni zile zile, hupewa jina jipya, na hapo hapo mwenyewe hutoweka. Kichaa hashitakiwi, wala hatozwi fidia.

Aliyewahi kusimama mbele ya moto wa nyasi mchana wa jua kali anaelewa kwa nini watu wameuita hivyo. Unanguruma, unagawanyika, unaruka kijia ulichotegemea kingeuzuia, kisha unatokea nyuma yako. Jina linaeleza vizuri kile ambacho macho yanaona. Tatizo lake ni kile linachokificha, na hilo nitalionyesha kwa kisa. Ni kisa cha kufundishia. Wahusika nimewatunga na sikuwapa majina, lakini yaliyowapata hutokea kila kiangazi kwenye nyanda za juu kusini.

Mkulima mmoja alikuwa na ekari moja na nusu ya mahindi kwenye mteremko. Chini yake kulikuwa na bonde lenye vinyungu, mboga zikimwagiliwa kwa ndoo. Juu yake kulikuwa na ekari mbili za misindano ya mama mjane. Miti ile ilikuwa na miaka sita. Ukipanda kwa nafasi ya mita tatu kwa tatu, kama watu wengi wanavyofanya huko, ekari moja hubeba miti isiyopungua mia nne. Kwa hiyo mama yule alikuwa na miti zaidi ya mia nane. Hakuwa na akaunti benki. Watu wa Njombe wakikuambia kwamba miti ndiyo akiba yao hawakutanii. Ada ya sekondari, mabati ya nyumba, mahari na hata mazishi hutoka humo.

Kati ya mahindi na misindano palikuwa na ukanda wa nyasi wa hatua kama ishirini. Hakuna aliyeulima wala aliyeufyeka. Mkulima alisema ni wa mama, naye mama alisema ni wa mkulima, na kwa kuwa haukuwa na faida kwa yeyote, hawakuwahi kwenda kwa mwenyekiti kuuliza. Nyasi zilirefuka, zikakauka, zikalala juu ya nyasi za mwaka uliotangulia.

Mwishoni mwa Septemba mkulima akaandaa shamba. Sitaki msomaji adhani alikuwa mzembe, maana hapo funzo lote lingepotea. Alifyeka, akakusanya magugu na mabua, akayarundika biwi katikati ya shamba, mbali na mpaka. Alikwenda kwa mtendaji wa kijiji kuomba kibali. Alingoja jioni upepo utulie. Alianza kuchoma upande wa juu, ili moto ushuke polepole badala ya kupanda. Wanawe wawili walisimama na matawi mabichi mikononi. Kufika saa mbili usiku hapakuwa na ulimi wa moto hata mmoja. Waliyapiga majivu, wakayamwagia ndoo mbili za maji, wakaenda kula.

Chini ya biwi lile palikuwa na kisiki cha mlingoti uliokatwa miaka miwili nyuma.

Kisiki kikavu hakiwaki kama nyasi. Moto huingia ndani, hufuata mzizi chini ya udongo, hukaa humo bila moshi wa kuonekana kwa mbali, tena unaweza kukaa siku kadhaa. Usiku ule ulikaa. Kwenye mteremko, hewa ya usiku hupoa na kushuka bondeni, kwa hiyo hata cheche iliyotoka ingeelekea chini, kwenye vinyungu vilivyolowa. Asubuhi kulikuwa na umande. Kufika saa nne umande ulikuwa umekauka, jua likapasha mteremko, na hewa ikageuka, ikaanza kupanda mlima kama inavyopanda kila siku ya jua. Saa sita na nusu cheche ikatoka kwenye kisiki ikaangukia mabua yaliyosalia, yakawaka mpaka ukandani.

Moto wa nyasi hupanda mlima haraka kuliko unavyokwenda tambarare, kwa sababu ulimi wake huinamia nyasi zilizo mbele na kuzikausha kabla haujazifikia. Wazimamoto wana kipimo cha kukadiria: mteremko ukiongezeka kwa nyuzi kumi, mwendo wa moto huongezeka takriban maradufu. Kwenye ule ukanda wa hatua ishirini haukuchukua hata muda wa mtu kukimbia nyumbani kuleta jembe. Misindano ya mama ilikuwa haijapogolewa, matawi ya chini yaligusa nyasi. Moto uliingia chini, ukapanda kwa matawi, na kuanzia hapo ukawa si moto wa nyasi tena.

Aliyepiga mbiu wa kwanza ni mkulima mwenyewe. Watu wakaja kutoka vitongoji vitatu na wanafunzi wakaachiwa kutoka darasani. Mtu alipiga 114, akajibiwa vizuri, lakini gari la Zimamoto lilikuwa mjini na barabara ya kijijini inajulikana ilivyo. Wakapigana kwa matawi, kwa mafyekeo, kwa udongo. Mkulima ndiye aliyekuwa mbele kuliko wote, akaungua nyusi na mkono wa kushoto. Saa tisa moto ukafika kwenye mwamba wa kileleni ukakosa cha kula. Zilibaki safu chache za misindano upande wa mashariki.

Jioni wakakutana ofisi ya kijiji. Mtendaji akafungua daftari akaandika tarehe, ukubwa wa eneo, mali iliyoharibika. Penye chanzo akaandika: moto kichaa. Wakampongeza mkulima kwa ushujaa wake. Naye, nasisitiza, hakuwa akidanganya. Moto wake aliuzima jana yake kwa mikono yake. Huu wa leo ulikuwa moto mwingine, umetoka kusikojulikana.

Palikuwapo mzee mmoja aliyewahi kufanya kazi ya kuzima moto kwenye shamba la miti la Serikali la Sao Hill, kule Mufindi. Akaomba kwamba kabla daftari halijafungwa, kesho yake asubuhi watu wachache waufuate moto kule ulikotoka.

"Kichaa huyu," akasema, "ana nyayo."

Walianzia kileleni wakashuka. Juu, eneo lililoungua lilikuwa pana, limefunika mteremko wote. Walivyozidi kushuka likawa jembamba. Ndivyo moto unaosukumwa na upepo unavyochora njia yake: huanzia mahali padogo, na hupanuka kadiri unavyokimbia. Mawe yalikuwa meusi upande mmoja tu, ule uliotazama moto ulikotokea, na kila jiwe lilielekeza chini, kule kule. Wakavuka ukanda. Wakaingia kwenye shamba la mahindi. Alama ikawa na upana wa kitanda, kisha wa mkeka, kisha wakasimama kwenye shimo lenye majivu meupe. Mzee akaligeuza jembe, akafukua, akaweka mgongo wa mkono juu ya udongo bila kugusa. Bado palikuwa pa moto.

"Mama, mimi niliuzima," mkulima akasema.

Mama mjane, ambaye alikuwa amewafuata kimya tangu kileleni, akamjibu: "Uliuzima juu, mwanangu."

Hapa nisimame kidogo, maana wengi wakisikia kisa kama hiki hukimbilia funzo rahisi: watu waache kuchoma. Halitekelezeki, na kwa nyasi si sahihi. Zaidi ya nusu ya eneo linaloungua duniani kila mwaka liko Afrika, sehemu kubwa ikiwa nyasi, na nyasi zetu zimeishi na moto tangu zamani sana. Chipukizi la nyasi liko chini, karibu na udongo au ndani yake, kwa hiyo moto ukipita juu nyasi huchipua tena. Mche wa msindano hauna kinga hiyo. Mfugaji anayechoma ili ng'ombe wapate majani mabichi, mrina asali mwenye mwenge, mchoma mkaa, vijana wanaosaka ndezi, wote wana sababu zao, na sababu hizo hazitaondolewa kwa tangazo la redio. Kinachotofautiana ni siku na saa ya kuchoma, na kinachobaki baada ya kuchoma.

Kuhusu siku, kuna ushahidi mzuri wa jirani. Mwaka 1933 mtaalamu wa mimea C. G. Trapnell alianzisha majaribio karibu na Ndola, katika nchi ambayo leo ni Zambia. Miombo iligawanywa katika viwanja: vingine vikachomwa mapema, mara tu baada ya mvua, wakati nyasi bado zina ubichi, vingine vikachomwa mwisho wa kiangazi, kila kitu kikiwa kikavu, vingine vikalindwa visiungue kabisa. Miaka ilivyopita, viwanja vya moto wa mwisho wa kiangazi vilipoteza miti yake mingi na kuwa mbuga ya nyasi. Vya moto wa mapema vilibaki na miti. Kwa hiyo kiberiti kile kile, kikiwashwa Juni au kikiwashwa mwishoni mwa Septemba, hufanya kazi mbili zisizofanana. Ukanda wa mkulima wetu na mama ungechomwa Juni, asubuhi, nyasi zikiwa nusu mbichi, moto ungetambaa, ungeacha mabaka, na Septemba pasingekuwa na daraja la kuvukia.

Pengine hata kiberiti hakihitajiki. Serengeti ilipata funzo hili bila kulitafuta. Sotoka, ugonjwa wa ng'ombe na wanyama wa jamii yake ulioingia Afrika Mashariki mwishoni mwa karne ya 19, iliwapunguza nyumbu kwa miongo mingi. Chanjo ya ng'ombe ilipoiondoa sotoka eneo lile katika miaka ya 1960, nyumbu waliongezeka kutoka robo milioni hivi hadi zaidi ya milioni moja kufikia mwishoni mwa miaka ya 1970. Wakala nyasi ambazo zamani zilibaki mpaka kiangazi zikaungua. Moto ukapungua, miti ikaanza kurudi. Hakuna askari wa wanyamapori aliyeuzima moto huo, ulikosa chakula. Kwa kijiji cha Njombe, maana yake ni mbuzi. Mbuzi sita waliofungwa kamba kwenye ukanda ule kuanzia Mei wangefanya kazi ambayo watu wa vitongoji vitatu walishindwa kuifanya Septemba.

Nirudi kwenye jina. Watu husema pia kwamba moto kichaa huletwa na radi. Radi huwasha nyasi, ni kweli, lakini kwenye nyanda za juu radi huja na mawingu ya mvua, Novemba na kuendelea. Moto wa Agosti au Septemba, anga jeupe, una mkono wa mtu nyuma yake. Mlima Kilimanjaro ulipowaka Oktoba 2020, na kilomita za mraba zaidi ya 90 za vichaka na nyasi za juu zikaungua, taarifa za awali za TANAPA, shirika la hifadhi za taifa, zilisema moto ulianzia Whona, kituo cha mapumziko kati ya Mandara na Horombo, kutokana na watu waliokuwa wakipasha chakula. Mamia ya watu walipanda kuuzima na dunia nzima iliutazama. Chanzo kilichotajwa ni moto wa kupasha sufuria ya chakula.

Afrika Kusini wana neno lao, "veldfire", linalotokana na "veld", yaani nchi ya wazi yenye nyasi. Wao wameuita moto kwa mahali unapowaka, sisi tumeuita kwa tabia. Kilichonivutia zaidi, hata hivyo, ni sheria yao ya mwaka 1998 ya moto wa mbuga na misitu. Kila mwenye ardhi ambako moto unaweza kuanza au kupita anatakiwa kutengeneza barabara ya moto, yaani ukanda usio na cha kuungua, upande wake wa mpaka. Na kama moto umetoka ardhini kwako ukamuunguza mwingine, akakupeleka mahakamani, wewe unahesabiwa kuwa mzembe mpaka uthibitishe kwamba hukuwa. Kuna nafuu moja: ukiwa mwanachama wa chama cha kujikinga na moto cha eneo lako, dhana hiyo haikuhusu, na anayedai ndiye anayebeba mzigo wa kuthibitisha. Wenye ardhi wanasukumwa kukaa pamoja kabla ya kiangazi, kwa kuwa kukaa peke yako kunaweza kukugharimu shamba.

Kwetu, Sheria ya Misitu Na. 14 ya mwaka 2002 nayo ina masharti juu ya uchomaji, na vijiji vingi vina sheria ndogo zenye faini. Mkulima wetu alikuwa na kibali mfukoni. Kibali kilimruhusu kuwasha. Hakikumuuliza nani atarudi asubuhi. Kama ningekuwa mtendaji ningeongeza mstari mmoja tu kwenye karatasi ile: mwenye moto atarudi kabla ya saa tatu kesho yake, akiwa na jembe na ndoo, atafukua kila kisiki, atachanganya majivu na maji na udongo, atapapasa kwa mgongo wa mkono, na atarudia hivyo siku tatu. Ni kazi ya nusu saa. Hakuna anayeipenda, kwa sababu biwi lililozimika halina cha kutazama.

Tukirudi kijijini, mkutano wa pili ulifanyika siku iliyofuata, na haukwenda vizuri kama wasimuliaji wa visa wanavyopenda. Mama mjane hakuomba mkulima afungwe. Alitaka kwanza daftari lirekebishwe. Mtendaji akasita, akasema ripoti imeshapelekwa kwa simu wilayani, na neno hilo ndilo linalotumika. Mama akamwambia, "Baba, andika moto wa nani. Nisipokuwa na jina hapo, nitamdai nani?" Likafutwa kwa mstari, pakaandikwa juu yake: kisiki, shamba la fulani, mabaki ya moto wa tarehe ya jana yake.

Ndipo mkulima aliposema lile ambalo wengi walilifikiri. Kwamba kisiki ni chake, anakubali, atalipa miche, atachimba mashimo, yeye na wanawe watapanda mvua zikianza. Miaka sita hana pa kuitoa. Lakini ukanda je? Moto wake ungefia kwenye mpaka wake kama nyasi zingekuwa fupi. Na matawi yale yaliyogusa ardhi, nani alipaswa kuyapogoa? Watu wakanung'unika kwamba anajitetea. Mzee wa Sao Hill akasema hajitetei, anasema kweli, na kweli hiyo haimwondolei kisiki chake.

Wakaanza kubishana juu ya upana. Mzee alitaka barabara ya moto ya hatua kumi, tano kila upande, ikwanguliwe mpaka udongo mtupu kila Juni. Mwenye nusu ekari akauliza kama atabaki na shamba au na barabara. Mwingine akasema afadhali mbuzi, mwenzake akauliza mbuzi wakiingia kwenye mahindi atalipa nani. Mama mjane alikubali kutoa hatua tano ardhini kwake kwa sharti kwamba mkulima atazikwangua zote kumi kwa miaka sita ya kwanza. Mkulima akaomba iwe mitatu. Mtendaji aliandika sita, kwa kalamu, na chini yake akaacha nafasi ya sahihi mbili.